Kaseti Zilizoanikwa na Korosho

Walisema mtoto aliyelelewa Mpapura kwa mwanga wa kibatari hataweza kusomea kompyuta. Walisema nikienda Dar nitarudi na begi lile lile nililoondoka nalo. Walisema hata nikiipata hiyo stashahada nitaiweka kwenye fremu, kisha chini yake nitapanga mafungu ya nyanya niuze. Nilikwenda, nikaipata, nikarudi. Fremu ipo kweli, ila chini yake kuna meza ya kioo na duka la kompyuta Mtwara mjini, ambalo sikurithi kwa baba wala sikuunganishwa na mkubwa yeyote. Nayasema haya bila haya. Mtu aliyejijenga mwenyewe ana haki ya kuwaonyesha watu ukuta wake.

Lakini katika yote waliyosema sitayaweza, moja liliniuma kuliko mengine, nalo lilisemwa na mwanamke mmoja, tena akicheka. Alisema sitaweza kumlipa gemu yake.

Alilisema siku tuliyomzika bibi yangu, mzaa mama. Fatu ni mtani wetu. Baba yake alikuwa Myao na sisi ni Wamakonde, na huku kwetu mtani ana ruhusa msibani ambayo hata sheikh hana. Jeneza lilipoinuliwa litoke, Fatu alijilaza chali mlangoni, kanga imefungwa kiunoni, akasema marehemu haendi popote. Watu wakaanza kucheka huku machozi yakiwatoka, maana ndiyo kazi ya mtani. Mjomba Saidi akamwekea sarafu kiganjani ili apishe. Akaitupa.

"Sidai hela mimi," alisema. "Huyu bibi aliiuza gemu yangu ndani ya gunia la korosho. Nataka gemu yangu, la sivyo mrudisheni ndani alale."

Jua lilikuwa kali na wabebaji walikuwa wanasubiri. Mjomba akanitazama mimi, kwa sababu mzizi wa deni lile nilikuwa mimi, na kila mtu pale alilijua. Nikaahidi mbele ya watu kwamba hitma ya arobaini haitapita kabla sijalipa, yeye na wengine wote walionikopesha. Fatu akainuka, akajipangusa vumbi.

"Hutaweza, mtani. Ile gemu hata jina hulijui."

Alisema kweli. Tulipoifuata njia ya makaburini tulipita kando ya stoo ya bibi, na mlango ulikuwa wazi. Ikanijia harufu ya magunia ya katani na maganda ya korosho mbichi, ile harufu kali inayokaa kooni, na ingawa nilikuwa nimeshika pembe ya jeneza, nilikuwa nimesharudi utotoni.

Wenzangu wa rika langu waliokulia kwenye mikorosho watakumbuka jinsi msimu ulivyobadilisha kila kitu. Miezi mingi tuliishi kama watu waliosahauliwa, kisha malipo ya korosho yakatoka, na ghafla nyumba ya udongo ikawa na redio yenye spika mbili na mtoto asiye na viatu akawa anaendesha baiskeli mpya. Msimu mmoja mjomba Saidi alinunua televisheni ndogo isiyo na rangi, pamoja na mashine ya gemu yenye pedi mbili za kuchezea. Umeme haukuwepo. Alitumia betri ya gari, aliyokuwa akiipeleka kuchajiwa kwenye mashine ya kusaga, ikirudi imepakaa unga. Vyote aliviweka kwenye banda nyuma ya nyumba, na banda lile, kwangu mimi, lilikuwa mlango wa nchi nyingine.

Nchi hiyo ilikuwa ya kijivu. Sikujua kwamba kasoro ilikuwa kwenye televisheni. Niliamini kabisa kwamba huko kwenye gemu jua halijawahi kuchomoza, kwamba watu wake huishi ndani ya alfajiri moja ndefu ya masika, wanaruka, wanapigana na kuanguka mashimoni kabla ya kupambazuka. Niliwaonea huruma. Nilipolala mchana mkekani, kichwa kikiwa karibu na kuku, niliota nimo ndani yake, nyasi za kijivu zinanigusa magoti, na muziki unakwenda polepole kama mtu anayeimba huku anatwanga.

Mashine ilikuwa ya mjomba, lakini kaseti za gemu zilikuwa za watoto, kila mmoja kanunuliwa yake na baba yake. Hamisi, jirani yetu, alikuwa na moja iliyoandikwa juu yake namba ndefu ajabu, eti gemu zake ni maelfu. Ukizipitia unakuta ni chache tu, kisha zinarudi zile zile kwa majina mengine. Sisi tuliamini kwamba ukivumilia hadi mwisho wa orodha kuna gemu ambayo haijachezwa na mtu yeyote, na betri ilikuwa ikifa tukiwa njiani kwenda huko. Swalehe, mtoto wa mwalimu wa madrasa, alikuwa na kaseti ya pikipiki ambazo nazo zilikuwemo kwenye ya Hamisi. Kila siku ugomvi ulikuwa huo: ianze ipi, na kwa nini tupoteze betri kwa gemu tuliyokwisha kuicheza kwenye kaseti nyingine.

Mimi ndiye niliyemaliza ugomvi ule. Watu wanaoshangaa leo nimeupata wapi utaratibu wangu, jibu ndilo hilo. Niliwaomba wenzangu wanikopeshe kaseti zao zote, nikaziweka kwenye katoni ya sabuni, nikakaa na mjomba tukazipitia moja baada ya nyingine. Palipokuwa na gemu moja mara tatu, nilichagua ile inayowaka haraka, nyingine nikazisahaulisha. Nikazipa majina ya kwetu, maana ya kwao hatukuweza kuyasoma: Vifaru, Pikipiki za Matope, Fundi wa Matofali. Baada ya hapo mtoto akija bandani alitaja jina, na kabla hajakaa vizuri gemu ilikuwa imeshaanza. Nilikuwa sijui hata kufunga vifungo vya shati sawasawa, lakini maktaba yangu ilikuwa imenyooka.

Kaseti ya Fatu tuliiita Mvua. Haikuwa na karatasi juu yake, ganda tupu la kijivu. Ndani yake palikuwa na mtu mmoja anayetembea kwenye nyasi kuelekea mto mpana, na ng'ambo ya mto nyumba ndogo. Hapigi mtu, hapigwi. Na muda wote mvua ilikuwa inanyesha, mistari myembamba inashuka toka juu hadi chini ya kioo bila kukoma. Baba yake aliinunua msimu wake wa mwisho nyumbani, akaja nayo bandani, akakaa chini na bintiye, wakashikilia pedi moja kwa mikono minne. Haukupita muda akavuka Ruvuma kwenda Msumbiji kutafuta kazi, na habari zake zikakatika.

Fatu hakutuambia chochote, na sisi hatukumwuliza, lakini watoto wote tulijua yule mtu kwenye mvua ni nani. Tulinyamaza akicheza. Alimtembeza hadi mtoni, akamweka juu ya gogo lililokuwa linaelea, na kila mara gogo likifika katikati ya maji picha iliganda. Mvua ikasimama hewani, mtu akasimama na mguu mmoja juu. Mjomba alizima na kuwasha. Kesho yake tena pale pale. Hakuna aliyewahi kumvusha.

Ndipo nilipofikiri kama mjukuu wa bibi yangu. Bibi alikuwa hodari wa korosho. Alichukua chache kiganjani, akazitikisa karibu na sikio, akajua kama zina maji. Zikiwa na maji zinaanikwa tena, kwa sababu gunia lenye unyevu hukataliwa ghalani na mwenye nalo hurudi nalo kichwani akichekwa. Nami nikaitikisa kaseti ya Fatu karibu na sikio. Nikasikia kitu. Mvua ile isingekuwa ndani ya kioo kama haikuwa ndani ya kaseti. Ilikuwa imeingia maji, na dawa ya maji tuliijua wote. Nikaona nisiishie hiyo moja, maana hata za Hamisi na Swalehe zilikuwa zimeanza kukohoa. Asubuhi nikazipanga zote tatu juani, kwenye turubai la bibi, katikati ya korosho.

Asiyewahi kuona korosho mbichi asidhani ni nyeupe kama za kwenye pakiti. Ni za kijivu. Na macho ya bibi yalikuwa yameshaanza ukungu. Wingu lilipotanda ghafla upande wa Mnazi Bay, mimi nikiwa kisimani, bibi alizizoa zote kwa ungo, akajaza magunia, mjomba akayashona, na lori la chama cha ushirika lilikuwa barabarani tayari. Niliporudi turubai lilikuwa limekunjwa.

Tulikimbia hadi ghalani, mimi, Fatu na bibi mwenyewe akiwa pekupeku. Mwenye ghala alisema gunia lililopimwa halifunguliwi. Kisha akauliza kilichomo, na bibi, aliyekuwa hawezi kusema uongo, akamwambia. Kicheko kilichotoka mle ghalani kilitufuata kwa miaka. Ilisemekana ukoo wetu unatia gemu kwenye korosho ili mzani uzame. Bibi, ambaye hakuwahi kuacha hata jiwe dogo kwenye gunia lake, aliitwa Mama Gemu hadi uzeeni.

Wazee walikaa, wakaamua kila mzazi apewe debe la korosho yaishe. Baba Hamisi akapokea, baba Swalehe akapokea. Mama yake Fatu naye alipokea, lakini mtoto akasimama katikati ya wazee akasema yeye hali korosho, yeye anataka gemu yake. Wazee wakacheka wakasema mtani huyo amezaliwa.

Mimi nilibaki na safari ya zile kaseti. Niliambiwa korosho zetu hupakiwa melini bandarini Mtwara zikapelekwa India, kwa hiyo jioni nyingi nilizifuata huko kwa mawazo. Nilimwona mama mmoja wa mbali, kanga yake ndefu imepita begani, anabangua korosho mbele ya jiko; anaingiza mkono kwenye gunia letu na kutoa kaseti ya Fatu. Anaitikisa karibu na sikio. Anasikia mvua ya kwetu. Sijui kwa nini picha hiyo ilinifariji, lakini nililala nayo, na nadhani ndiyo iliyonipeleka kwenye kompyuta. Nilitaka kujua kaseti ina nini tumboni.

Sasa najua, na nimesomea. Ile haikuwa mvua. Ilikuwa kutu kwenye meno ya kaseti, chumvi ya pwani iliyokula shaba mpaka picha ikashuka mistari, na ndiyo hiyo hiyo iliyoigandisha mtoni. Ningesugua kwa kitambaa na spiriti dakika moja, ingepona. Siku hizi hata kaseti haihitajiki. Kuna programu inayoifanya kompyuta ndogo ijidai ni ile mashine ya zamani, na gemu za wakati ule zimehifadhiwa kama mafaili madogo kuliko picha moja ya simu. Unaweza kupata folda lenye maelfu. Vijana wa mjini huja dukani kwangu kujigamba kwamba wanazo zote, na nikiwauliza wanacheza ipi wananyamaza, kwa sababu muda wao wote unaishia kwenye kushusha orodha. Mimi fahari yangu iko kwenye kufuta.

Nilianza na folda kubwa, mchana, wateja wakiwa wamekwenda kula. Gemu moja ilikuwepo ya Japani, ya Amerika na ya Ulaya, nikabakiza moja. Zilizopachikwa jina jipya juu ya gemu ya zamani, nikafuta. Ya majaribio, nikafuta. Kilichobaki nikakichuja kwa kipimo kimoja: je, iliwahi kuchezwa kwenye banda la mjomba? Nikaziandika kwa majina yetu, si ya viwandani, na picha ndogo kando ya kila moja, ili hata asiyesoma aone kifaru achague vifaru. Folda la maelfu likabaki ukurasa mmoja usiohitaji kushushwa. Vifaru ilipatikana. Pikipiki za Matope ikapatikana. Mvua haikuwepo, kwa sababu hakuna gemu duniani yenye mvua ile.

Nikapanda pikipiki hadi Madimba, ambako Fatu ni mama lishe, anawapikia madereva na walinzi wa upande wa mitambo ya gesi. Wateja wake humwita Mama Zuhura. Alikuwa anasonga ugali, hakugeuka.

"Umeileta?"

Nikamwambia nimekuja kuuliza zaidi. Akasema mdaiwa anayekuja kuuliza maswali ni mtu wa kutazamwa mikono. Lakini alinieleza, mwiko ukizunguka: nyasi, gogo, nyumba ya ng'ambo yenye dirisha moja. Nilipomwuliza kuhusu muziki aliuguna, polepole, kwa pumzi, na dereva mmoja aliyekuwa anakula akaacha kutafuna. Nikaurekodi kwenye simu.

Wiki nzima niliutafuta wimbo ule kwenye nakala ya folda kubwa niliyokuwa nimeihifadhi. Nilitupa kando kila gemu yenye bunduki, mpira au gari, nikasikiliza zilizobaki, na zote zilikuwa na haraka, hakuna hata moja iliyofanana na mguno wa Fatu. Nilianza kuamini kwamba utoto wangu umenidanganya. Kisha nikakumbuka nilichofundishwa: televisheni za kwetu huonyesha picha chache kwa sekunde kuliko za Japani, na mashine tulizouziwa zilicheza muziki kwa mwendo huo wa kwetu. Nikazipunguza mwendo, moja moja. Mchana mmoja wimbo ukatoka kwenye spika za duka, mzito, wenye usingizi, na fundi wangu akaniuliza kwa nini nimesimama.

Siku ya arobaini nilifika Mpapura na visanduku vitatu vya kompyuta ndogo, kila kimoja kidogo kama kipande cha sabuni, ndani yake maktaba yote. Umeme umeshafika kijijini, na mjomba Saidi, mzee sasa, ana televisheni bapa ya rangi. Hitma ikasomwa, sahani za pilau zikazunguka, kisha mjomba akatangaza kwamba kuna jambo la watani. Hamisi, ambaye ni fundi pikipiki mwenye mvi, akapokea chake. Vifaru vilipojitokeza alivitazama sana.

"Injinia, mbona umevipaka rangi?" aliuliza, huku akicheza. Swalehe alichukua chake akakitia mfukoni mwa kanzu, akasema atacheza nyumbani wanawe wasimwone akishindwa.

Fatu aliketi mbele, miguu kaikunja, na mimi nikawasha. Nilikuwa nimeisafisha gemu yake kuliko zote. Nyasi zilikuwa za kijani mbichi, mto wa buluu, anga haina hata wingu. Sijaona kazi nzuri kuliko ile. Akatazama, na uso wake ukafunga.

"Si yenyewe."

Nikamwambia ndiyo yenyewe, muziki ni ule. Nikamweleza habari ya kutu, ya meno ya kaseti, ya televisheni isiyo na rangi. Watu walikuwa wanatikisa vichwa kwa heshima, maana nilieleza vizuri.

"Mtani, mimi sikukukopesha maelezo," alisema. "Baba hakuniletea jua. Mvua iko wapi?"

Hakuwa anatania. Nilimjua tangu utotoni, na macho yale sikuwahi kuyaona. Mama mmoja nyuma akasema kwa sauti ya chini kwamba basi, deni halijaisha, ukoo ule ule. Nikaona bibi yangu pekupeku kwenye mlango wa ghala.

Nikavuta kisanduku, nikakaa chini kwenye jamvi, nikaanza kuichafua ile kazi. Niliondoa rangi zote. Nyasi zikawa majivu, mto ukawa bati. Programu ile ina mahali pa kuharibu picha kwa makusudi, pa watu wanaozikumbuka televisheni mbovu, ambapo siku zote nilipaona pa kijinga. Nikaongeza mistari, nikaisimamisha wima, nikaishusha. Mara ya kwanza ilikuwa minene. Fatu akasema kwa ukali kwamba hiyo ni fito. Nikaipunguza. Akasema bado. Nikaipunguza tena, nikaipa mwendo wa wimbo, na mvua ikaanza kunyesha kwenye televisheni ya mjomba.

Fatu alinyoosha mkono, nikampa pedi.

"Umelipa," alisema bila kunitazama, na mjomba akarudia kwa sauti ili waliokaa nje wasikie, kwamba watatu wote wamelipwa na jina la mama yake halina deni. Vigelegele vikapigwa upande wa jikoni. Nilijua kwamba hapo ndipo ningepaswa kusimama niseme machache kuhusu Dar, stashahada na duka, na nilikuwa nimeyaandaa. Lakini hakuna aliyekuwa ananiangalia. Hata Hamisi alikuwa ameacha vifaru vyake.

Mtu alitembea kwenye nyasi. Akafika mtoni, akapanda gogo. Gogo likaenda, likafika katikati ya maji, na banda zima la zamani lilikuwa pale sebuleni limeshika pumzi. Halikuganda. Likaendelea, polepole, mvua ikishuka, hadi likagusa ukingo, na yule mtu akashuka ng'ambo.

Fatu akampeleka kwenye nyumba yenye dirisha moja. Haikuwa na mlango. Ilikuwa imechorwa tu, kama mti au kilima, na mtu akapita mbele yake bila kusimama. Baada ya nyumba palikuwa na nyasi tena, na baada ya nyasi mto mwingine, mpana kama wa kwanza, wenye gogo lake. Niliogopa kumtazama.

"Kumbe alikuwa bado anatembea," Fatu alisema, akampandisha kwenye gogo la pili.